Namba Niliyoijaza Kwenye Fomu

Dada yangu wa pekee,

Usishangae mwandiko, naandika kwa mkono wa kushoto. Mama hajambo, goti lake limepoa. Sare za wanafunzi nimezimaliza zote, zimebaki mbili za kutia vifungo.

Ile viza ya kutalii uliyoniambia niombe, nilikuwa naichungulia mtandaoni kila siku nikiwa dukani. Kila siku waliandika kwamba bado inashughulikiwa. Kosa ni langu, dada. Kwenye fomu nilijaza namba ya simu ya shemeji yako. Mazoea yana taabu. Kila fomu ya nyumba ile hujazwa namba yake. Kwa hiyo jibu lilimfikia yeye kwanza.

Jana mchana aliingia dukani, akafunga mlango kwa ndani. Akaniuliza kwa upole, "Mke wangu, unakwenda kutalii nini?" Kisha akaukamata mkono wangu wa kulia, akaubana chini ya sindano ya cherehani, akakanyaga pedali. Vidole vitatu. Mkono wa kushoto ukaupata mkasi wa kukatia vitambaa. Nilimchoma shingoni, nikamchoma tena, mpaka mguu wake ukatoka kwenye pedali.

Simu yake ilikuwa sakafuni. Niliifuta damu nikasoma: viza imetoka.

Usije kunipokea. Niko kituo cha polisi, askari wa kike ndiye kanipa karatasi hii. Kwenye fomu waliuliza kama nimewahi kuua. Nilijibu hapana, na siku ile nilisema kweli.

Mdogo wako.