Alama Tatu za Shemeji Yako

Don Mills, Toronto
5 Juni 1997

Mpendwa mdogo wangu Sikander,

Ya Ali Madad. U hali gani huko Tanga, na mguu umepona? Usinijibu "salama tu" kama kawaida yako. Niambie kama unatembea. Sisi hatujambo. Baridi imeondoka, nami nimeacha kulalamika, angalau hadi Oktoba.

Jumatatu nimepiga kura ya Bunge la Kanada. Nina miaka sitini na mbili, na ndiyo kura yangu ya kwanza.

Uchaguzi wa 1958, enzi za Mwingereza, shemeji yako Gulamhussein alipiga, mimi nikanyimwa. Sikuwa na darasa la nane wala mshahara, ingawa duka nililifungua mimi kila asubuhi. Nililia jikoni, hukujua. Baada ya uhuru tuling'ang'ania pasi za Kiingereza, kura ikatupita sote, mpaka tulipopata uraia wa huku mwaka jana.

Basi wiki nzima mume wangu alinifundisha kama mwalimu mkuu: "Alama tatu, Khatoon! Mwafrika, Mhindi, Mzungu. Ukipunguza mmoja, karatasi imeharibika." Ndiyo ilikuwa sheria ya wakati ule. Nikamwuliza kama na huku ni hivyo. Akasema Malkia ni yuleyule.

Alitangulia yeye. Zamu yangu ilipofika nikakuta majina matano, yote ya Kizungu. Mhindi nitamtoa wapi? Nikatia alama mbili kwa kubahatisha, wa tatu akanishinda. Jasho likanitoka, nikarudi kumwuliza mama aliyekaa mezani. Kumbe ni mmoja tu! Nikajua kura yangu imekwenda. Lakini aliipokea ile karatasi, akanipa nyingine. Nikatia alama moja, nikaitumbukiza mwenyewe. Sikander, nilishusha pumzi mpaka yule mama akacheka.

Ya shemeji yako ilikwisha ingia sandukuni na alama zake tatu. Nilipomwambia ni alama moja tu, alirudi nyumbani akaiacha chai ikapoa. Nilitaka kumcheka, nikamhurumia. Nikamwambia, "Mwaka ule ulitupigia sote wawili. Safari hii nimetupigia mimi."

Akanywa chai, kisha akaniuliza nimemchagua nani. Sikumwambia. Wa kwake wa 1958 hajanitajia hadi leo.

Nisalimie Shahnaz mkeo, na Dilawar akikuletea samaki mwambie simsahau. Mungu autie nguvu mguu wako na aijaze heri nyumba yako.

Dada yako anayekuwaza,
Khatoon