Makaburi ya Mapapa na Kichwa cha Babu

Longbridge, Birmingham
Jumapili, 29 Aprili 2007

Kwako kaka yangu Mwachala,

Salamu nyingi zikufikie hapo Mwatate, wewe, shemeji na watoto. Natumaini kile kifua kimepoa, na kwamba mvua za mwaka huu hazijawamalizia lile paa la jikoni. Mimi mzima wa mwili, namshukuru Mungu. Wakesho anakua, ametimiza miaka tisa. Kiswahili anakisikia vizuri lakini ukimsalimia anakujibu kwa Kiingereza, na ukimkaripia ndiyo kabisa. Kazi yangu ni ile ile ya kuwaogesha na kuwalisha wazee wa watu kule Sutton Coldfield, treni asubuhi, treni jioni. Kile kiwanda cha magari nilichokusimulia, kilichofungwa mwaka juzi, sasa wanakibomoa, na vumbi lake linatua kwenye nguo zangu kila nikianika.

Barua yako ya mwezi wa pili niliipata, na naomba radhi kwa kuchelewa kuijibu. Nimeisoma mara nyingi sana. Unasema ukoo utakaa mwezi wa nane kugawa shamba la baba, na kwamba wazee wamekupa nafasi ya mwisho: ulete kichwa cha babu Mwakisha, au umtaje uliyemuuzia, la sivyo jina lako litafutwa na siku yako ikifika utazikwa unakojua mwenyewe. Umeniomba tena nizunguke kwenye majumba ya makumbusho ya huku, niulize kama yule mtafiti wa Kizungu ndiye aliyekichukua akaja nacho. Kaka, jibu ninalo, na nitakupa kabla sijaweka kalamu chini. Ila niruhusu nipitie Roma kwanza. Najua utasema Mghoi tangu utotoni hawezi kwenda kisimani bila kupitia kwa jirani. Ni kweli, na leo nina sababu.

Wiki ya Pasaka parokia yetu ilifanya hija. Aliyetuandikisha ni Denise, mama mzaliwa wa hapa hapa Birmingham anayesimamia kwaya, akatugawia kofia za njano ili tusipotee. Nilikwenda na rafiki yangu Nyokabi, nesi wa kutoka Nyeri anayeishi Shard End. Nilipomwambia mama kwenye simu kwamba nakwenda kuona kaburi la Papa Yohane Paulo, alilia kwa furaha, akaniagiza nitaje jina lake pale kaburini na lako pia. Lako aliniagiza mara mbili.

Kaburi lenyewe liko chini ya kanisa la Mtakatifu Petro. Unashuka ngazi, unaingia kwenye pango refu lenye taa, na mapapa wamelala huku na huku. Huyu yuko ndani ya jeneza la mawe na juu yake sanamu yake imefumba macho, yule yuko chini ya jiwe tu. Yohane Paulo walimzika ardhini, kwenye udongo, wakamwekea bamba la marumaru nyeupe lenye jina na tarehe. Mimi nilitegemea dhahabu. Walinzi wanakuharakisha kama uko kwenye foleni ya mahindi ya msaada, basi nikataja jina la mama na lako mbio mbio nikasukumwa mbele. Denise, ambaye kitabu cha maelezo hakikumtoka mkononi, akatueleza kwamba hapo awali palikuwa pa Papa Yohane wa Ishirini na Tatu, wakamtoa miaka sita iliyopita wakampandisha juu kanisani. Nyokabi akaninong'onezea, "Aki hata Pope amepewa plot iliyotoka mtu." Nikacheka katikati ya makaburi, Mungu anisamehe.

Huko juu tukamkuta huyo aliyetolewa. Amelazwa ndani ya kioo na mavazi yake, uso umepakwa nta, na watu wamepiga magoti mbele yake. Alizikwa, akakaa karibu miaka arobaini, wakamfukua, wakamweka mahali pa heshima ili watu wamwombe awaombee. Hapo kicheko changu kikaisha. Nilimkumbuka babu. Yeye pia alizikwa, muda wake ulipotimia wakamfukua, wakachukua kichwa wakakiweka pangoni pamoja na vichwa vya baba zake, kama ilivyokuwa desturi yetu kabla misheni haijaikataza, ili akiombwa asikie. Nilisimama pale nikitafuta tofauti, nikaona kioo tu.

Kesho yake Denise akatupeleka kwenye kanisa dogo karibu na ile chemchemi ambayo watu hutupia sarafu. Akatusomea kwamba humo imehifadhiwa mioyo na matumbo ya mapapa zaidi ya ishirini, vitu walivyotolewa kabla ya kuzikwa. Nyokabi alikataa chakula cha mchana. Mimi nilikula, lakini sikumbuki nilikula nini.

Siku ya mwisho tukaenda Laterani, ambalo ndilo kanisa la Papa kama askofu wa Roma. Humo pia wamezikwa mapapa, na dada wa Kiitaliano aliyekuwa akituongoza akatuonyesha kaburi la Leo wa Kumi na Tatu. Halafu akanyoosha kidole juu ya altare, kwenye kizimba cha dhahabu kilicho juu sana, akasema kwamba kwa mapokeo ya zamani humo mna vichwa vya Petro na Paulo. Hakusema mabaki, wala hakusema mifupa. Alisema vichwa, kwa sauti ile ile ambayo angekuonyesha choo kiko wapi. Wote wakafanya ishara ya msalaba. Mimi nikakaa sakafuni. Denise akadhani ni njaa, akanipa biskuti.

Kwa miaka ishirini na minne, kaka, nimekuwa nikijiambia kwamba nilikosa, ndiyo, lakini nilikosa nikiitetea imani. Pale sakafuni hata hilo liliniponyoka.

Sasa jibu lako. Sijauliza kwenye makumbusho yoyote. Zile barua mbili nilizokuandikia kwamba nimeuliza na wamesema watatazama kwenye orodha zao zilikuwa uongo mtupu. Siku moja niliingia jumba la makumbusho la hapa mjini na Wakesho, nikanywa chai yao, nikala keki, nikarudi nyumbani. Sikuuliza kwa sababu nilijua hakipo. Yule mtafiti hakuchukua kitu. Alipiga picha zake, akakulipa kwa kumwongoza njia, akaenda zake, na sisi tukamsingizia bure. Kikulacho ki nguoni mwako. Kichwa cha babu nilikitoa mimi.

Ilikuwa mwaka 1983, nina miaka kumi na minne, tukijiandaa kwa kipaimara. Mwalimu wa dini alituambia askofu hatamwekea mkono mtoto wa nyumba inayoabudu mafuvu, akataka wenye mapango wasimame. Sikusimama. Msichana mmoja akaninyooshea kidole na darasa zima likageuka kunitazama. Nikaambiwa nikaiweke nyumba yetu sawa, ama nisirudi. Unamjua baba, misa hakukosa na pangoni alikuwa akienda, na nani angethubutu kumwambia achague? Basi Jumamosi, mama akiwa sokoni Wundanyi, nilichukua kikapu cha katani nikaenda pangoni. Babu alikuwa wa mwisho upande wa kulia, maana ndiye aliyewekwa mwisho. Nilimchukua yeye tu. Wale wengine niliwaogopa, sikuwajua. Nikamfunika kwa majani ya maboga.

Ulinikuta kwenye mpando wa kwenda misheni. Huwezi kukumbuka, kwako ilikuwa siku kama siku nyingine. Uliniuliza nimebeba nini, nikasema mboga za masista. Ukasema kwa ule wembamba wangu shingo itavunjika, ukainama, nikakutwika kikapu begani, ukakibeba mpaka langoni huku ukinitania njia nzima kwamba nitakuwa sista na nitanenepa kwa chakula cha misheni. Nilikufuata nyuma nikikitazama kikapu. Ulipoondoka nilimzika babu nyuma ya kanisa la zamani, penye udongo mlaini, nikamsomea Baba Yetu na Salamu Maria. Kisha nikaingia kuungama, nikamwambia padri kwamba nimemjibu mama vibaya.

Mwaka uliofuata ukaja ule ukame, wazee wakaenda pangoni kuomba mvua wakakuta pengo. Wewe ulikuwa umeonekana na Mzungu, basi kesi ikawa imekwisha kabla haijaanza. Siku uliyoitwa nilikuwa nimesimama na wanawake mlangoni pa jikoni. Nilikusikia ukila kiapo mbele ya baba kwamba mikono yako haijabeba kichwa cha babu. Ulikuwa unasema unachokijua. Mimi peke yangu nilijua kwamba kiapo kile si kweli, na kwamba si kosa lako. Baba akakufukuza, nikanyamaza. Baadaye mashine ya katani ikakukata vidole viwili, kijiji kizima kikasema kiapo kimekushika, nikanyamaza. Baba alipofariki wakakukataza hata kumtupia udongo, ukasimama barabarani na kofia mkononi. Nilikuona. Nilikuwa pale kaburini na maua yangu, ningeweza kusema neno moja tu, na sikusema. Siamini mambo ya viapo, au ndivyo ninavyowaambia watu. Lakini mara nyingi namwosha mzee wa watu mgongo, naviona vidole vyangu vyote kumi vimetimia, naona aibu.

Jambo hili nimeliungama kwa mapadri watatu katika nchi mbili, na wote waliniondolea dhambi. Wa tatu, wiki iliyopita hapa Birmingham, ndiye pekee aliyeniuliza kama kaka yangu anajua. Nikasema hapana. Akasema nirudi nyumbani nikaandike barua.

Utauliza basi kwa nini nisikuelekeze mahali, ukachimbe, umrudishe. Hilo ndilo linalonikosesha raha kuliko yote. Mwaka 1991 lile kanisa la zamani lilivunjwa wakajenga jipya, kubwa, pale pale na kuzidi. Nimepima kwa kichwa changu mara nyingi, kutoka kwenye ule mti wa mzambarau na kutoka kwenye tangi la maji, na kila mara jibu ni moja. Babu yuko chini ya altare, au hatua mbili kutoka hapo, na juu yake pana zege. Mama amekuwa akifagia juu ya kichwa cha baba mkwe wake kila Jumamosi kwa miaka kumi na sita. Mzee hakubatizwa, na ameishia mahali ambapo hata padri wetu hatazikwa. Kuna siku nacheka nikifikiria hivyo. Siku nyingi sicheki.

Nimeandika badala ya kupiga simu kwa sababu simu ingenipa nafasi ya kukata. Na tena barua inaweza kusomwa mbele ya watu. Nimekwisha kukata tiketi, nitafika nyumbani tarehe mbili Agosti na nitasimama mwenyewe mbele ya ukoo. Nikizuiwa na lolote, isome hii mbele yao neno kwa neno, hata hapo pa chai na keki. Wakitaka kulifuta jina, walifute langu. Sina shida na shamba, na mficha maradhi kifo humuumbua, afadhali mimi niumbuliwe ningali hai. Mama naomba usimwambie kwanza. Nitamwambia mimi, nikiwa nimekaa karibu naye.

Sikuombi msamaha kwenye karatasi. Miaka yako ishirini na mitatu ya kupanga chumba, ukiuona mlima wa kwenu kwa mbali na usiruhusiwe kuupanda, haiwezi kulipwa kwa barua. Najuta, kaka. Najuta asubuhi nikiamka na najuta kwenye treni. Kama hutataka nilale kwako nitaelewa, na kama hutataka kuniona nitaelewa pia, ingawa nitaumia.

Nisalimie shemeji sana, na watoto wote, na yule mdogo uliyempa jina la Mwakisha mwambie shangazi anamletea viatu vya mpira, anitumie kipimo cha mguu. Wakesho anawasalimu nyote. Nyokabi naye anakusalimu, ingawa hajui ni kwa nini ninalia nikiandika, anadhani ni baridi.

Neno langu la mwisho ni hili. Wazee wakikuuliza tena kama mikono yako ilimbeba, usiape. Waambie ndiyo, ulimbeba babu yako begani mchana kweupe, ukimtania dada yako njia nzima, na aliyekutwika ni mimi.

Wako aliyekukosea,
dada yako,
Perpetua Mghoi