Picha Niliyoikosa Mwisho

Ijumaa usiku

Daftari langu, niwie radhi. Tangu mtoto aanze kuota meno sijakugusa.

Leo nimekwenda sinema na jirani yangu, Mama Zuhura. Picha ya Kihindi, tamu kweli! Humo mama kapotelewa na mwanawe, ukumbi mzima kwikwi. Alipokaribia kumwona, wangu niliyempakata naye akaangua kilio. Nikatoka naye mbio.

Picha ilipokwisha nikamvaa Mama Zuhura mlangoni. "Kampata?"

"Shoga, nililia mpaka sikuona kitu!"

Sitalala hivi. Nimemwambia mume wangu kesho mimi na Mama Zuhura tunarudi, yeye abaki na mtoto.

"Akitaka kunyonya?"

"Utampa uji."

Asubuhi namwagiza mama yangu aliye Magomeni aniletee unga wa ulezi, kikombe cha mtoto, na leso mbili za machozi, ili safari hii angalau mmoja wetu aone.