Sanduku Lisilo na Nyuma

Mpendwa Tata, baba yangu,

Jana televisheni ilifika shuleni hapa Kabuta, nami nilikukumbuka mpaka nikakosa hamu ya ugali. Wazee waliobaki bado wanakuita Bwana Sanduku, kwa jinsi ulivyowachosha barazani miaka ile ya hamsini. Watu wamekuja kuzungumzia nyavu, na wewe mjumbe wao unasimama tena: Ulaya kuna sanduku la picha, watoto wetu nao wasomee humo. Walikucheka wee! Lakini ulikuwa king'ang'anizi kama kupe.

Mimi najua ulikoupata ugonjwa huo. Ni kwenye lile gari la sinema uliloliomba serikalini, lije kufundisha kulea watoto. Shuka lilitundikwa kati ya miti miwili. Wanaume walikaa mbele, na heshima zao. Wanawake na sisi watoto tukawekwa nyuma ya shuka, tukitazama picha kwa upande wa pili. Muuguzi wa kwenye picha alichanganya uji na samaki wa kutwanga, akamlisha mtoto. Huku nyuma zikazuka kelele.

"Lesa wandi, Mungu wangu! Analisha mutoto na mukono wa kushoto!" alisema Mama, kwa Kiswahili chake cha ng'ambo ya Kongo. "Ule hana adabu. Uji yake siwezi kupika."

Na mgongoni alikuwa amembeba mdogo wangu Mwansa, miguu imevimba, nywele zimegeuka nyekundu. Tulikuwa tunampoteza, Tata, na ziwa limejaa samaki.

Kesho yake wazee walitaka gari lifukuzwe. Wewe uliyekaa mbele uliona mkono wa kulia, hukuelewa ugomvi unatoka wapi. Jioni, picha ilipoonyeshwa tena, ukaja nyuma ya shuka, ukachutama karibu na Mama, ukaona mkono umegeuka wa kushoto. Ulicheka kidogo.

"Bamama, simameni, mwende mbele," ulisema. "Banaume bakuye huku, baone vile munaonaka."

Hakuja mwanaume hata mmoja. Ulikaa nyuma peke yako, na kofia yako ya baraza kichwani, wenzako wakinung'unika. Mama alitazama kule mbele mpaka mwisho. Asubuhi akatwanga samaki.

Dereva wa gari ndiye aliyekusimulia habari za televisheni. Wewe uliuliza swali moja tu: "Iko na nyuma?"

"Nyuma ni waya tu, Tata," alijibu.

Basi jana Mwansa ndiye aliyeiwasha. Siku hizi ni mwalimu mkuu, ana kitambi, na utani hataki. Wasichana walikaa mbele kabisa, magoti yanagusana. Mimi nikazunguka nyuma ya sanduku, watu wakidhani nimechanganyikiwa. Nilikuwa nakutafuta wewe. Nimekukosa sana, Tata. Ni waya tu, na ukuta. Hakuna nafasi ya mtu kukaa.

Pumzika sasa.

Ni mimi, binti yako