Kahawa ya Shangazi Fikriya

Jumatatu, 14 Oktoba
Siku ya sitini na moja nyumbani kwa shangazi. Bangili ya polisi ya kunifuatilia imenichubua tena mguu, nimeizungushia soksi. Mwisho wangu ni kizingiti cha mlango wa mbele. Na nisiachwe peke yangu hata dakika moja — hakimu ametaka mdhamini awe nami saa zote, na mdhamini ndiye shangazi Fikriya. Hotuba nilitoa mimi, kifungo tunatumikia wawili! Dakika nne tu, mbele ya nyumba zilizobomolewa. Mwendesha mashtaka anaziita uchochezi.
Shangazi hanilaumu. Anafagia palipokwisha kufagiliwa.

Jumanne, 15 Oktoba
Wakili Jubran kapiga simu. Upande wa mashtaka wanataka tuelewane. Nikiri kwamba mimi na Widad tulipanga kuchochea watu, basi nivuliwe bangili, nipewe kifungo cha nje, yaishe. Jibu Alhamisi.
Widad alinishikia kipaza sauti siku ile. Kesi yake haijasikilizwa. Nikisaini, nimemzika. Ana mapacha wa miaka miwili.
Nikamwambia wakili sitaki. Shangazi alikuwa akikata nyanya. Kisu kilisimama kidogo, kikaendelea.

Jumatano, 16 Oktoba
Mtaa mtupu. Wote wako mashambani wanachuma zeituni. Shangazi ana mizeituni kumi na minne nyuma ya shule, aliyoachiwa na marehemu mumewe. Tangu aolewe hajakosa msimu.
Jirani Abu Nizar kaja mpaka getini. Zamani alikuwa akiingia bila hodi. Siku hizi anaongea akiwa barabarani, kana kwamba tuna ndui. Anasema zetu zimeanza kudondoka. Shangazi akamuuliza mbona asimchumie. Akasingizia mgongo.
“Mgongo huo mwaka jana ulikuwa mzima, ulipoinamia sinia langu la wali,” shangazi akamwambia, akafunga mlango.
Tumecheka mpaka machozi. Yangu yakakauka. Yake hayakukauka.
Baadaye akanisimulia posa yake. Wazee wa kina mume walimiminiwa kahawa, hakuna aliyegusa, maana mwenye haja hanywi mpaka mwenye nyumba aseme ndiyo. Baba yake alikuwa mbishi. Kahawa ilibadilishwa mara tatu! “Na bado wakakaa,” akasema. Nilidhani ananichekesha tu.

Alhamisi, 17 Oktoba
Nimejifungia msalani, nimekalia ukingo wa beseni. Ndiko pekee ninakoachwa peke yangu.
Wakili amekuja na karatasi. Shangazi kaleta vikombe vitatu, kahawa ya iliki. Wakili kanywa. Mimi nikanywa. Cha shangazi kimejaa pomoni mbele yake, mikono kaiweka mapajani. Nikamwambia anywe, itapoa.
“Sinywi, Rudayna. Nina haja kwako.”
Nikakiweka changu mezani.
“Mume wangu alipofungwa sikumwomba mtu. Leo naomba. Saini, mwanangu. Nimechoka kuwa askari jela wako.”
Wakili akatazama viatu vyake. Nikamkumbusha shangazi habari za Widad. Akasema anajua, amemwombea, amewaombea na wale watoto. Mikono ikabaki mapajani.
Kumkatalia mtu mzima kahawa ikiwa mezani — mimi, tena ndani ya nyumba yake! Namchukia. Hapana, nampenda, ndiyo maana nataka kupiga mayowe. Hakimu sikumwogopa. Huyu namwogopa. Na Widad siruhusiwi hata kumpigia simu.
Wakili kakohoa huko sebuleni. Atakuwa anatazama saa.
Nyayo. Shangazi kagonga mara moja, taratibu.
“Ile imepoa, mwanangu. Nimemimina nyingine.”
Amerudi. Nimesikia kiti kikilia alipokaa. Kikombe sijakisikia kikiinuliwa.