Niliandika Kwamba Imetulia

Mpendwa Baba,

Spana ilianguka. Hiyo ndiyo sauti ninayoamka nayo siku hizi. Siyo mlipuko, maana mlipuko wenyewe haukuwa mkubwa. Ni mlio wa spana ya kumi na saba kwenye sakafu ya saruji, halafu kimya, halafu mtu akasema kwa sauti ndogo, "Macho yangu haya." Aliyeiangusha ni fundi ambaye kwa miaka mitatu sijawahi kumwona akiangusha hata nati.

Shikamoo, Baba. Najua nimeingia kama mtu asiyefundwa, na ungekuwa mbele yangu ungeniambia nirudi mlangoni nipige hodi upya. Basi hodi. Hamjambo huko Mshangano? Mama kifua kimeachia? Mbolea mmeipata msimu huu, au bado ni ya mwenye kumjua mwenye duka? Barua ya mdogo wangu Gaudensia ilitembea wiki saba mpaka kunifikia. Anasema watu wa Bombambili wanapanga foleni kwako kutengenezewa baiskeli. Nilicheka kidogo, kisha nikashindwa kuendelea kusoma, kwa sababu nilikumbuka mikono yako ndani ya injini za malori ya ushirika, kabla hawajakupa ile karatasi ya kupunguzwa kazi.

Mimi mwili ni mzima. Theluji imeanza kuanguka na makoti ya huku Urusi bado yananishinda uzito. Mengine siyo mazima, na ndiyo ninayotaka kukueleza. Ukimsomea Mama, ruka utakapoona inafaa.

Uliniuliza katika barua yako ya mwisho ninafanya nini hasa kutwa mbele ya kompyuta, mtu aliyepelekwa kusomea injini za ndege. Sikukujibu vizuri. Ni hivi. Zamani ukitaka kujua kama injini mpya itafaa, ulikata chuma, ukaifunga, ukaiwasha, ukaona. Ikiungua, unaanza tena. Sasa injini inaundwa kwanza kwa hesabu ndani ya kompyuta, moto wake, hewa yake, mafuta yake, kabla fundi hajagusa chuma. Programu inagawa chumba cha kuchomea mafuta vipande vidogo maelfu, kama kule kwao Mama, Mbinga, wanavyogawa mlima kwa mashimo ya ngoro, kila shimo likipokea maji ya lililo juu yake na kuyapitisha kwa lililo chini. Kila kipande kinamwambia jirani yake joto lake. Kompyuta inazunguka vipande vyote, inarudi mwanzo, inazunguka tena, mara elfu nyingi. Namba zinabadilika kila mzunguko. Zikiacha kubadilika tunasema hesabu imetulia, na hapo ndipo tunaiamini.

Kazi yangu ya kumalizia shahada ilikuwa mkebe wa ndani wa chumba hicho, ule unaozuia moto usile ukuta wa injini. Mkebe una matundu madogo yanayopitisha hewa baridi kuulinda. Mimi nilitakiwa kusema matundu yawe mangapi na yakae wapi.

Namba zangu mwanzoni zilikuwa zikiruka ovyo. Nikaiwekea programu breki, ibadilishe kidogo tu kila mzunguko. Hilo si kosa, kila mtu hufanya. Lakini niliikaza mno. Baba, wewe umeendesha malori Lukumburu. Lori lililoshehena likipanda ule mlima kwa gia ya kwanza, mtu aliye mbali ataapa limesimama. Namba zangu zilikuwa hivyo. Hazikusimama, zilikuwa zikitambaa. Joto la mstari wa tatu wa matundu lilikuwa likipanda polepole kila nilipoitazama.

Na mimi niliona. Hapo ndipo penye mwiba. Ningekuwa sikuona, ningekuandikia barua nyingine. Niliona siku mbili kabla ya kukabidhi. Zamu yangu ya kompyuta ilikuwa imekwisha, msimamizi wangu alikuwa amekwisha kusema kwamba nafasi za majaribio kwa wanafunzi wageni zimebaki mbili na wengi wanazitaka, na mimi nilikuwa nimechoka kuwa yule msichana mweusi anayeomba muda zaidi. Kwenye fomu ya majaribio kuna mahali pa kuandika hali ya hesabu. Niliandika kwamba imetulia.

Karakana ikatengeneza mkebe kwa michoro yangu. Aliyetoboa matundu ni fundi huyo niliyekutajia, Mzee Stepan. Ana miaka sitini na kitu, anavaa miwani iliyofungwa kwa waya, na mashine anayotobolea ni kuukuu kuliko mimi. Wakati wengine walikuwa hawajui waniite nani, yeye aliniita binti. Alinifundisha kushika chuma kilichokatwa bila kujikata. Siku moja nilimwambia baba yangu ni fundi wa malori, akasimamisha mashine, akafuta mkono, akanipa mkono upya, kana kwamba tulikuwa hatujaonana kabla.

Siku ya majaribio tulikaa nyuma ya kioo kinene. Injini iliwaka vizuri. Ilipofika nguvu kamili, ukuta ukaungua, moto ukatoka ubavuni, wakazima. Hakuna aliyeumia. Tulipofungua, mkebe ulikuwa umetoboka pale pale kwenye mstari wa tatu. Stepan aliinama, akautazama, na spana ikaanguka.

Kamati ya kuchunguza ajali ilipima matundu na kukuta mawili yamekaa pembeni kwa unene wa unywele. Kwao hilo lilitosha kumpangia Stepan kikao cha kumwachisha kazi. Chuo kinatafuta watu wa kupunguza, Baba, hadithi ni ile ile unayoijua, na mzee mwenye macho mabovu ni jina jepesi kuandika. Akitolewa kazini anatolewa na kwenye chumba, maana chumba anachoishi na mkewe mgonjwa ni cha chuo.

Nilimfuata karakana siku ya pili yake. Nilikwenda ili nimwambie. Alikuwa akipanga vifaa vyake kwenye kisanduku, kila kimoja akikifuta.

"Mzee Stepan, pengine siyo matundu," nikasema.

"Ni matundu, binti. Usinihurumie."

"Pengine ni hesabu."

Akacheka. "Kompyuta haina umri wa miaka sitini na mitatu. Haivai miwani. Nenda kasome, usipoteze muda na chuma kilichopata kutu."

Nikaenda. Alinifungulia mlango, nami nikapita. Kwa siku tisa nilipita ule mlango kila asubuhi, nikamsalimu, akaniitikia, nikaenda kukaa mbele ya kompyuta.

Usidhani kwamba sikufikiria nyumbani. Sikufikiria kingine. Nilikuona wewe siku ile ya karatasi ya ushirika, ulivyokaa uani ukisugua kisu cha jikoni kutwa nzima na hakuna aliyethubutu kukuuliza. Niliona misa ya kuniaga, kina mama wa jumuiya wakinifunga kitenge kiunoni, Padri akisema huyu ni mtoto wetu sote. Nikisema, narudi bila shahada. Nikinyamaza, Stepan anatolewa kazini na nyumbani kwa kosa langu, tena yeye mwenyewe akiamini ni lake. Nilijaribu kutafuta njia ya tatu mpaka kichwa kikauma. Nilisali, na hata sala niliiandaa kama hesabu, nikiweka breki ili isifike mahali nisipotaka.

Jumapili iliyopita alikuja Rukia. Nilikwisha kukuandikia habari zake, yule binti wa Kiyao wa Mbesa anayesomea udaktari. Alikuja mchana na sufuria ya ugali wa unga wa ngano, akanikuta kitandani na karatasi za hesabu zimejaa sakafuni. Habari za mzee alikuwa anazijua. Sehemu yangu sikuwahi kumwambia.

"Nani kafa humu?" akauliza.

"Rukia, nenda. Leo sitaki."

"Siendi. Msiba wa Mngoni bila Myao umeuona wapi?" Akaweka sufuria, akavuta shuka langu, akalala chali juu ya zile karatasi, akajifunika gubigubi. Unajua watani wanavyofanya msibani, wanavyoingia kaburini na kugoma kutoka, wanavyomwigiza marehemu mpaka wafiwa wanacheka machozi yakiwatoka. Sauti ikatoka chini ya shuka, nzito kama ya mzee: "Ooo, macho yangu! Ooo, mkono wangu! Nimekufa na kitu cha mtu tumboni!"

"Acha bwana. Siyo mchezo."

"Maiti haiachi. Mlitukimbiza kwa mikuki enzi hizo, mkatuchomea vijiji, leo mjukuu wa vita analia kwa karatasi? Wiki nzima huli. Mtu halii hivi kwa kosa la mwenzake, Editha."

"Hujui maana ya kurudishwa. Wewe baba yako ana mikorosho."

"Na wako ana baiskeli. Huyu mzee ana nini?"

Akapiga sakafu kwa kiganja. "Maiti haizikwi mpaka mtani alipwe. Sitoki."

"Unataka nini?"

"Sitaki kuku wala shilingi. Nitajie aliyefanya."

Chini ya shuka alikuwa akipumua, karatasi zikilia kila akipumua. Nikasema, "Ni mimi. Niliona haijatulia, nikaandika imetulia."

Rukia akaketi, akajifunua uso. Hakuwa anacheka tena. Akalikunja shuka taratibu, akaliweka kitandani. "Haya. Nimelipwa," akasema. "Amka ule, ugali unapoa."

Hakuniambia nifanye nini, wala mimi sikumwuliza.

Jumatatu nilimwomba mtunza chumba cha kompyuta aniachie mashine moja isiyotumika. Nikaipakia ile hesabu yangu, nikalegeza breki, nikaiacha iendelee pale nilipoikatisha. Nitakuambia ukweli wote, kwa kuwa nimeanza. Nilikuwa natumaini kwamba itasimama pale pale nilipoiacha, nigundue nilikuwa ninajitesa bure na kweli ni matundu mawili ya mzee. Niliomba hivyo, Baba. Niliomba kosa liwe la yule mzee. Siku tatu namba zilipanda. Zilipita kiwango ambacho chuma kile kinaweza kustahimili, zikaendelea, ndipo zikasimama. Nikazungusha mara elfu nyingine, hazikutikisika. Kisha nikayasogeza yale matundu mawili pembeni, kama kamati ilivyoyakuta, nikairudia hesabu yote. Mkebe uliungua vile vile; hata mzee angeyatoboa sawasawa kama mchoro, ungeungua.

Salamu naziweka hapa, kwa sababu ukishasoma yanayofuata hutakuwa na hamu ya kumsalimia mtu. Mpe Mama salamu ya kwetu, monile, na umwambie sweta lake silivui. Gaudensia mwambie asiache shule, hata wakisema nini kuhusu waliosoma. Msalimie Shangazi Matrida, aliyeuza kahawa yake ili nipate sanduku la safari. Sanduku bado zima. Kaka Festo mwambie apunguze pombe, nimesikia. Babu mwenye nyumba wa pale Bombambili, anayekuachia kibaraza ufanyie kazi, mwamkie kwa niaba yangu. Kina mama wa jumuiya wasalimie kwa ujumla. Usiwaeleze chochote bado. Nitakuja kuwaeleza mwenyewe, nikisimama.

Jana saa tatu asubuhi nilikwenda kwa mwenyekiti wa kamati. Nilikuwa na barua ya kurasa mbili, diski yenye hesabu zote, na ile fomu yangu ya zamani. Aliisoma barua akiwa amesimama. Alipomaliza alivua miwani akaniuliza kama kuna mtu amenishawishi. Nikasema hakuna. Akaniuliza kama najua kwamba kudanganya kwenye fomu ya majaribio ni kufukuzwa, siyo kurudia mwaka. Nikasema najua. Akaisogeza ile barua kwenye meza mpaka ukingoni upande wangu, akasema, bila ukali, kwamba yeye bado hajaipokea, maana haina saini.

Ni kweli, Baba. Katika kurasa zote mbili nilikuwa nimesahau kusaini. Nilikuwa na haki ya kuichukua, kuikunja na kutoka nayo, na yeye angeendelea na kazi zake kana kwamba hakuna aliyeingia.

Nilimwomba kalamu. Nikasaini kila ukurasa, nikaandika na tarehe. Kitambulisho changu cha chuo nikakiweka juu yake kabla hajaniomba.

Kama watamwacha Stepan kazini sijui bado. Ninachokijua ni kwamba kikao chake kimesimamishwa, na changu kimepangwa Ijumaa ijayo. Ningeweza kukuandikia wiki iliyopita nikakuuliza la kufanya, nikasubiri wiki saba na nyingine saba. Sikufanya hivyo kwa makusudi. Niliogopa ungeniambia ninyamaze, na niliogopa ningekutii. Kwa hiyo nimetangulia kufanya, ndipo nikakaa kukuandikia.

Mwanao anayekuheshimu,
Editha