Leodgar Kanisingizia Mbele ya Wajukuu

Getrude mbona hupokei simu? Basi soma. Kaka Leodgar kanisingizia kwenye send-off ya mjukuu wangu hapa Ilembo!

Kashika maiki anasimulia mwaka ule wa sabini na sita, familia yetu tulivyovuka kwenda Unguja kuimba kwenye televisheni, na kipindi chetu kikafa wiki ya tatu. Eti, "Dada Verdiana alisahau maneno ya wimbo, ndiyo tukafukuzwa." Wajukuu zangu wakacheka.

Nilisahau maneno mimi? MIMI?

Wewe nilikueleza siku ile ile niliporudi. Yeye ndiye aliyemwambia mtangazaji, "Mbona umekonda kama maiti, tukuzike lini?" Alidhani ni mtani wetu, kama watani wanavyotaniana huku kwetu kwenye misiba. Kumbe yule bwana si mtani, na wiki ile ametoka kumzika mama yake. Akalia mbele ya kamera. Kesho yake tukaambiwa turudi kwetu.

Tulipofika nyumbani akamwambia baba kosa ni langu. Baba akanikataza kuimba, hata kwaya ya kanisani, mpaka anakufa. Nikanyamaza miaka yote, nikasema ni kaka yangu.

Leo ananinyooshea maiki, "Njoo dada, tuwaimbie." Tuwaimbie!

Nimeichukua. Nimesema, "Kaka, mtangazaji ulimtukana wewe. Kaburi la baba liko Litapunga. Nenda kamwambie hivyo kwanza, halafu ndiyo uniite kuimba."

Hapo hakucheka mtu.